Kinyonga Aliyepewa Jina la Msuya

Kiumbe kinapotambuliwa na sayansi hupewa jina la sehemu mbili, kwa utaratibu alioueneza mwanasayansi Linnaeus wa Uswidi. Si desturi mgunduzi kujipachika jina lake, humtunuku mwingine. Basi nani hutunukiwa?

Mwaka 1893 ua dogo la zambarau kutoka milima ya Usambara, ambalo leo hupamba madirisha ya nyumba duniani kote, liliitwa Saintpaulia. Jina hilo latokana na Walter von Saint Paul-Illaire, ofisa wa utawala wa Wajerumani mkoani Tanga, aliyelipeleka kwa baba yake Ujerumani. Wenyeji waliokuwa wakipita kando ya ua hilo vizazi na vizazi hawamo katika jina lake. Na hata jina lenyewe halikudumu lilivyokuwa: mwaka 2015 wataalamu waliliingiza ua hilo katika jenasi ya Streptocarpus.

Mwaka huohuo, kinyonga wa misitu ya milima ya kusini mwa Tanzania aliitwa Kinyongia msuyae, kumuenzi Charles Msuya, Mtanzania aliyetangulia katika utafiti wa reptilia na amfibia nchini. Hiyo ni heshima iliyomfikia mwenyewe, nami naifurahia kwa dhati.

Lakini haitoshi. Watafiti wengi huongozwa msituni na watu wanaojua kinyonga hulala tawi gani usiku. Enyi wanasayansi mnaotafuta majina mapya, watazameni kwanza hao wanaowatangulia njiani.