Askari wa Usiku na Dubu wa Bandia



Kazi ya mlinzi wa usiku mnaijua. Mtu anapewa tochi, rungu na kiti kilichovunjika mguu, anaambiwa alinde mali ya mwenzake mpaka kuche. Ni kazi isiyotungiwa nyimbo. Lakini mwaka 2014 Mmarekani mmoja wa jimbo la Texas, Scott Cawthon, alimchukua mlinzi wa namna hiyo akamfanya shujaa wa mchezo wa kompyuta, na mchezo ukaenea dunia nzima. Unaitwa Five Nights at Freddy's, maana yake ni kukesha mara tano kwa Freddy.

Freddy mwenyewe ni dubu. Si dubu wa porini, ni sanamu la mashine lenye kimo cha mtu mzima, limevaa kofia ndefu na tai, mkononi limeshika kipaza sauti. Mchana yeye na wenzake, sungura, kuku na mbweha, huwatumbuiza watoto katika mkahawa wa piza. Usiku hutembea. Mchezaji ndiye mlinzi. Ameketi katika ofisi ndogo asiyoweza kutoka, mbele yake kuna picha za kamera, kushoto mlango na kulia mlango. Na umeme ni wa kupimiwa. Akifunga mlango unapungua, akiwasha taa ya ukumbini unapungua, hata kutazama kamera kunakula umeme. Sisi tunaonunua umeme wa Luku tunaielewa hofu hiyo bila mkalimani. Ukimwishia kabla ya saa kumi na mbili alfajiri, giza linaingia, macho ya dubu yanamulika mlangoni, unasikika muziki mwororo kutoka katika opera ya Carmen ya Mfaransa Bizet, kisha ghafla ukelele na sura nzima ya dubu imejaa kwenye kioo. Mchezo umekwisha. Mshahara wa kukesha mara tano ni dola 120. Hata katika ndoto za Wamarekani mlinzi halipwi cha kutosha.

Nimeuleta mchezo huu hapa kwa sababu watoto wetu wanamjua dubu huyu kuliko wanavyomjua mwenyekiti wa mtaa. Wanamwona kwenye simu ya mama, na simu ya mama haina mlango wa kufunga. Dubu huyu ana jamaa zake pia. Yupo Huggy Wuggy, mdoli wa manyoya ya bluu mwenye mikono mirefu na mdomo uliojaa meno, aliyetoka katika mchezo wa Poppy Playtime wa mwaka 2021, hadithi ya kiwanda cha midoli kilichohamwa. Zamani kidogo, mwaka 2003, Wajapani walitoa Silent Hill 3, ambamo sungura wa kiwanja cha bembea, yule wa kupigana naye picha, ana damu mdomoni. Katika Resident Evil Village ya mwaka 2021 mchezaji anayezunguka na bunduki anaingia nyumba ya midoli, ananyang'anywa silaha zote, na wachezaji wengi watakuambia kuwa hapo ndipo walipozima mashine wakaenda kunywa maji.

Sasa swali. Simba yupo, mamba yupo, jambazi mwenye panga yupo. Kwa nini mdoli?

Mwaka 1970 mtaalamu wa roboti wa Japani, Masahiro Mori, aliandika makala fupi ambayo mpaka leo inatajwa kila inapozungumzwa habari hii. Alisema kadiri mashine inavyofanana na mtu ndivyo tunavyoipenda, lakini ikifika mahali inafanana sana ila bado kidogo, mapenzi yanaporomoka kama mtu aliyetumbukia bondeni. Akaongeza kwamba kitu hicho kikianza kutikisika, bonde linazidi kuwa refu. Ni maelezo mazuri, nami nayaheshimu, lakini hayamalizi shauri. Freddy hafanani na mtu hata kidogo. Ni dubu wa manyoya. Mimi naona kinachotisha ni lile tabasamu. Uso wa mtu hubadilika kwa kinachotokea mbele yake. Uso wa sanamu ulichongwa kiwandani ucheke, nao utacheka kwenye sikukuu ya kuzaliwa, utacheka msibani, utacheka ukumbi ukiwa mtupu na taa zimezimwa. Mtoto analiona hilo kabla hajajua kusoma.

Watu wa viwanja vya burudani waliligundua zamani. Katika miaka ya 1930 kampuni moja ya Philadelphia ilikuwa ikiuza sanamu la mwanamke mnene, mwenye pengo, lililosimamishwa mlangoni mwa nyumba za vituko. Jina lake Laffing Sal. Ndani yake mlikuwa na mota, na kicheko chake kilitoka kwenye sahani ya santuri, hahaha bila kupumzika kuanzia asubuhi mpaka kufunga. Kazi yake ilikuwa kuvuta wateja. Mmoja bado yupo San Francisco, katika jumba la mashine za kale za sarafu, na wapo watu wazima wanaopita mbali naye kwa sababu ya vile alivyowatoa machozi utotoni.

Nami nikiwa mtu wa redio siwezi kumwacha Edgar Bergen. Huyu alikuwa Mmarekani fundi wa kusema bila kutikisa midomo, akimsemea mdoli wa mbao aliyempakata, Charlie McCarthy, mwenye kofia ndefu na miwani ya jicho moja. Kuanzia mwaka 1937 walikuwa na kipindi chao redioni. Fikirini, ndugu wasikilizaji: ufundi wa kutotikisa midomo, redioni! Nani angeona? Na bado kilikuwa miongoni mwa vipindi vilivyopendwa kuliko vyote nchini humo, kwa kuwa sauti ilitosha. Mwaka 1945 Waingereza wakatoa filamu iitwayo Dead of Night, ambamo mdoli wa namna hiyo anaanza kumwamuru fundi wake. Watengenezaji wa michezo ya leo wamesoma shule hiyohiyo. Mchezo wa Freddy una picha chache, nyingi zimetulia kama picha za kamera za ulinzi. Kinachomaliza watu ni nyayo ukumbini na vyombo vinavyogongana jikoni gizani.

Lakini kuna jambo moja katika historia hii ambalo wazazi wengi hawalijui, na ndilo lililonifanya nikae chini kuandika. Mkahawa wa Freddy haukutoka hewani. Mwaka 1977 huko San Jose, California, Nolan Bushnell alifungua mkahawa wa piza wenye masanamu ya mashine yaliyoimba, kiongozi wao akiwa panya aitwaye Chuck E. Cheese. Bushnell ni nani? Ni mmoja wa waasisi wa Atari, kampuni iliyotoa Pong mwaka 1972, mchezo uliouwekea msingi uchumi mzima wa michezo ya video. Alikwisha ona kwamba fedha nyingi haziko katika kuuza mashine za michezo, ziko katika sarafu zinazotumbukizwa humo kila siku. Basi akatafuta mahali ambapo familia zingeketi na watoto wangetumbukiza sarafu. Piza huchukua muda kuiva. Panya anaimba, mtoto anachangamka, baba anatoa sarafu. Panya alikuwa mpiga debe.

Miaka 37 baadaye mpiga debe akawa mchezo wenyewe. Cawthon alikuwa ametengeneza mchezo wa watoto kuhusu wanyama wakata mbao, na wachambuzi wakamcheka kwamba wanyama wake wanatisha kama sanamu za mashine. Iliuma. Halafu akasema moyoni, kumbe naweza kutisha, basi nitatisha hasa. Mamilioni ya Wamarekani waliokuwa watoto wakati wa akina Chuck E. Cheese walielewa mara moja, maana walikwisha kaa mbele ya panya yule wakiwa na miaka minne, jicho lake moja limekwama, na mama akiwaambia wampungie mkono. Filamu ilipotoka mwaka 2023 iliingiza zaidi ya dola milioni 280, na masanamu yake yalitengenezwa na karakana ya Jim Henson, ileile iliyoanzishwa na mtu aliyewapa watoto vikaragosi wa Muppets. Huko kwao iliwekewa alama ya kuwatahadharisha wazazi wenye watoto walio chini ya miaka 13.

Mtoto wa Manzese au wa Kayole hakuwahi kupelekwa kwa Chuck E. Cheese. Amerithishwa hofu bila kupewa piza. Hapo wengine watasema ni mambo ya shetani, simu ichomwe moto. Hata Uingereza mwaka 2022 polisi wa Dorset walitoa onyo kwa wazazi juu ya Huggy Wuggy, na taharuki ikaenda mbele kuliko mchezo wenyewe. Mimi sina haja ya kumpigia debe shetani. Watoto wamekuwa wakitishwa tangu zamani, tena na watu wanaowapenda.

Mnaikumbuka ngano ya zimwi na ngoma. Kila bibi anaisimulia kwa njia yake. Wasichana wanakwenda pwani kuokota makombe, mmoja anasahau lake juu ya mwamba, anarudi peke yake, zimwi linamkamata na kumtia ndani ya ngoma. Linapita kijiji kwa kijiji, linaipiga, mtoto anaimba humo ndani, watu wanacheza na kulilisha zimwi wali na kuku. Hakuna anayeuliza ngoma gani hii yenye sauti ya mtoto.

Sasa sikilizeni siri ya mkahawa wa Freddy. Ukutani kuna vipande vya magazeti, na mchezaji mwenye macho makali anavisoma: watoto watano walipotea humo mkahawani, na wateja wakaanza kulalamika kuwa masanamu yananuka. Watoto wamo ndani ya wanyama wanaoimba. Ni ngoma ileile ya zimwi, imevikwa manyoya. Sidai kwamba Cawthon alisikia ngano yetu. Wazazi wa kila mahali wanaogopa kitu hicho kimoja, kwamba mtoto anaweza kuchukuliwa palepale penye sherehe, huku wakubwa wakipiga makofi.

Tofauti iko mwishoni. Katika ngano, zimwi linafika kijijini kwao yule msichana, mama anaitambua sauti ya mwanawe. Zimwi linashibishwa, linalazwa, mtoto anatolewa, na ndani ya ngoma wanatiwa nyuki na nyoka. Katika mchezo ule wa kwanza hakuna mama anayekuja. Mlinzi anajiokoa mwenyewe mpaka alfajiri, na kesho yake zamu inaanza upya. Na hata usimulizi wenyewe ni tofauti. Zimwi lilipokuwa likinguruma, goti la bibi lilikuwa karibu, na bibi alijua wakati wa kushusha sauti. Akiona macho yamemtoka mjukuu, alilichekesha zimwi kidogo. Simu haioni macho ya mtu. Mtoto amejifunika shuka, hedifoni masikioni, saa nne usiku, na sisi tunafurahi kwamba leo ametulia.

Kwa hiyo mwenye mtoto mdogo amwombe amwonyeshe. Asianze kwa fimbo. Aketi naye akeshe usiku mmoja wa Freddy, mchana, sauti ikiwa ya chini, naye atashangaa jinsi mtoto anavyoeleza habari za milango na umeme kama fundi. Kama mtoto ana miaka sita na anaamka akilia, mchezo ufungiwe kabatini kama dawa za wakubwa, bila matusi. Na kumwambia kwamba hakuna kitu, lala, hakusaidii, kwa sababu amekwisha kukiona.

Mwonyeshe badala yake panya wa kweli. Mwaka 2024 kampuni ya Chuck E. Cheese ilitangaza kuyaondoa masanamu yake karibu katika matawi yote, yakabaki machache. Picha zake zikiwa zimevuliwa manyoya zipo, kwenye simu hiyohiyo: mifupa ya chuma, nyaya, na mipira ya kupitishia hewa iliyokuwa ikifungua na kufunga mdomo. Mwache azitazame kwa muda wake. Halafu mweleze nani alikuwa akiipeleka ile hewa, na sarafu zilikuwa zikienda kwa nani.