DAKIKA MBILI NA NUSU

(Hotuba iliyotolewa kwenye mkutano wa mwaka wa wanafunzi wa zamani)



Nimeombwa niseme machache juu ya filamu za mambo ya kweli na yale yanayozipata chini ya dikteta. Nitatoa mfano mmoja tu, wa hapa jirani.

Mwaka 1974 ilitoka filamu ya Barbet Schroeder juu ya Idi Amin wa Uganda. Amin alikubali kupigwa picha, na mengi aliyapanga mwenyewe: askari wakijizoeza kuiteka milima ya Golan, baraza la mawaziri likimsikiliza, hata muziki wa kodiani akaupiga yeye.

Baadaye alituma watu London waitazame filamu hiyo na kuandika kila neno. Kisha akadai vipande fulani vikatwe. Schroeder alikataa. Ndipo Amin alipowakusanya Wafaransa waliokuwa Uganda katika hoteli mjini Kampala, akawapa nambari ya simu ya Schroeder. Schroeder akakata kiasi cha dakika mbili na nusu. Mimi simlaumu. Filamu yaweza kungoja. Roho ya mtu haingoji.

Lakini mkasi ule haukumsaidia Amin. Katika kikao kile cha baraza anamkemea waziri wake wa mambo ya nje, Michael Ondoga. Majuma machache baadaye maiti ya Ondoga ilionekana katika mto Nile. Kamera haikuyaona mauaji. Iliwaona mawaziri wameinama, wakiandika kimya kila neno la mkubwa. Maneno hukatika, hofu iliyo usoni mwa watu haikatiki.

Tarehe 11 Aprili, 1979, Kampala ilitekwa na majeshi ya Tanzania pamoja na wapiganaji wa Uganda. Amin alipokwisha kuanguka, vipande vile vilirudishwa mahali pake, kwa kuwa vilikuwa vimetunzwa.

Vijana, ninyi mnaoandika gazeti la ukutani: mkiamriwa kufuta jambo, ulizeni kwanza ni nani atakayeumia. Akiwa ni mnyonge, ngojeni. Ikiwa ni fahari ya mkubwa tu, jueni mmegusa penyewe. Na lolote mtakalolazimishwa kuliondoa, msilichome moto. Litunzeni.