Watoto, Sinema na Jitu Linalolala Miezi Sita

(Mazungumzo na viongozi wa vikundi vya kujisaidia, Upper Hill, Nairobi)

Poleni kwa kupanda mlima. Zamani hapa palikuwa na nyumba za wafanyakazi wa reli na miti mingi. Siku hizi ni maghorofa, na nyinyi mliotoka mashambani mnashikwa na kizunguzungu kwa kuyatazama tu.

Nimeombwa nijibu swali moja. Je, kikundi chenye televisheni kiwaonyeshe watoto sinema za kutisha? Akina mama wengi wamesema hapana. Basi hebu nianze na sinema moja ninayoikumbuka kwa furaha, ijapokuwa ilinitisha kweli kweli.

Inaitwa Ramayana: The Legend of Prince Rama. Ni ya picha za kuchorwa, ilimalizwa mwaka 1992, Wajapani na Wahindi wakishirikiana: Yugo Sako wa Japani na Ram Mohan wa India. Mtu akiona michoro hudhani ni mambo ya kitoto. Lo! Kuna Ravana, mfalme wa vichwa kumi, anajigeuza mtawa na kumwiba mke wa mtu huko msituni. Kuna ndugu yake Kumbhakarna, jitu linalolala miezi sita, na likiamka ni kasheshe. Tulijifunika uso kwa mikono, tukachungulia katikati ya vidole. Kesho yake tukaomba kaseti irudiwe! Mwaka 2025 ilirudishwa katika majumba ya sinema ya India, na nadhani wengi waliokwenda ni wazazi waliotaka kuogopa tena.

Sasa sikilizeni. Ram Mohan huyo huyo ndiye aliyemchora Meena, yule msichana wa UNICEF wa Asia Kusini. Meena akafuatwa na Sara wetu, aliyeanzishwa miaka ya tisini na ofisi ya UNICEF ya hapa Nairobi. Wengi mnamkumbuka, yeye na tumbili wake Zingo.

Kwa maoni yangu Sara anatisha kuliko Ravana. Vichwa kumi, hakuna mtoto atakayekutana navyo njiani. Lakini katika Daughter of a Lioness Sara anapangiwa kukeketwa na watu wa kwao wenyewe, na katika The Trap mtu mzima anamwinda. Mtoto anayetazama anaweza kuwa anamjua mtu kama huyo, pengine wamekaa benchi moja. Sheria ya Kenya ilikataza kuwakeketa watoto mwaka 2001, ikakazwa mwaka 2011, na bado yapo mahali jambo hili linafanywa kwa siri.

Kwa hiyo waonyesheni, lakini msiwaache peke yao na televisheni huku nyinyi mko nje mnahesabu michango. Mtoto akilia, msimnyamazishe. Simamisheni picha, mama mmoja atoke naye kando, amuulize polepole ameogopa nini. Anaweza kutaja jina. Akilitaja, jamani, msikae chini ya mti kusuluhisha na kula mbuzi wa faini. Nendeni kwa afisa wa watoto, au pigeni simu 116, haina malipo.

Na onyesho lianze saa nane mchana, liishe mapema. Hao wanaomcheka Kumbhakarna kukiwa na jua ndio watakaokataa kupita migombani giza likiingia.