Kuwatetea Makarani wa Yeremia



Mwaka 1901 Bernhard Duhm, profesa wa Agano la Kale huko Basel, alitoa ufafanuzi wake wa kitabu cha Yeremia, na ndani yake akapiga hesabu. Aya kama 280 alisema ni za Yeremia mwenyewe. Aya kama 220 akampa Baruku, karani aliyesimulia maisha ya nabii. Zilizobaki, zipatazo 850, akawaachia watu wasio na majina ambao, kwa maoni yake, waliendelea kukijaza kitabu kwa karne kadhaa baada ya nabii kufa, bila kipaji chake wala moto wake.

Hakuna mtaalamu leo anayeifuata hesabu hiyo aya kwa aya. Kinachonisumbua ni dharau iliyomo ndani yake, maana dharau hiyo haijazeeka. Naisikia katika kumbi zetu: mwalimu anafika kwenye kifungu kigumu, anasema kwamba hii ni nyongeza ya baadaye, na darasa zima linafunua ukurasa unaofuata. Kana kwamba ukishajua maneno yalichelewa kuandikwa, huna tena haja ya kuyasikiliza. Jioni hii nimekuja kuzitetea zile aya 850, na hasa watu walioziandika.

Historia ya fani mnaijua, sitairudia: Mowinckel na vyanzo vyake mwaka 1914, Thiel na wahariri wake wa mkondo wa Kumbukumbu la Torati, kisha mwaka 1986 ulioleta fafanuzi kubwa kwa mpigo, ya Holladay anayemsikia Yeremia karibu kila mahali, ya Carroll anayetilia shaka kama tunaweza kumfikia kabisa, na juzuu ya kwanza ya McKane, aliyekiona kitabu kikikua kidogo kidogo kutoka ndani. Na wale wanaoshikilia kwamba kila neno, tangu sura ya 1 hadi ya 52, lilitoka kinywani mwa Yeremia, kitabu chenyewe kinawajibu: sura ya 51 inafunga kwa kusema maneno ya Yeremia yameishia hapo, kisha inafuata sura nzima nyingine. Hao sitabishana nao. Mwenye hoja ni Duhm.

Tumpe haki yake kwanza. Alikuwa na sikio kali. Katika ufafanuzi wake wa Isaya wa mwaka 1892 ndiye aliyezitenga nyimbo nne za Mtumishi wa Bwana, na mpaka leo hata wanaompinga huanza na mgawanyo wake. Kwa Yeremia alisikia mizani ya maombolezo ya Kiebrania, kipande cha mapigo matatu kikifuatwa na kifupi cha mapigo mawili, mizani inayokwenda kama mtu aliyekatika pumzi kwa kulia. Akaamua kwamba penye mizani hiyo ndipo alipo nabii. Penye nathari nabii hayupo, isipokuwa katika ile barua ya sura ya 29 kwa waliohamishwa Babeli.

Hapo ndipo hoja inapovunjika, tena mara tatu.

Kwanza, inazunguka. Huwezi kumtambua Yeremia kwa mizani, ukaondoa kila kisicho na mizani, halafu ukatangaza kwamba umegundua Yeremia alinena kwa mizani peke yake. Ulichokipata mwisho ndicho ulichokiweka mwanzo. Pili, ile barua. Ikiwa nabii aliweza kuandika nathari siku alipotaka kuwaambia wafungwa wajenge nyumba na kupanda bustani ugenini, nani alimkataza kuhubiri kwa nathari mlangoni pa hekalu? Duhm aliufungua mlango huo kwa barua moja akaufunga haraka, bila kueleza kwa nini.

Tatu, na hili ndilo kubwa, picha yenyewe ya nabii haikutoka Yerusalemu. Robert Lowth, katika mihadhara yake ya Oxford iliyochapishwa mwaka 1753, alionyesha kwamba sehemu kubwa ya vitabu vya manabii ni ushairi, na hilo ni deni analotudai hadi leo, deni la shukrani. Lakini karne iliyofuata, Ujerumani hasa, mshairi alikuwa amegeuzwa mtu wa upweke, anayewaka kwa hisia zake, asiye na chama wala ofisi. Nabii akavishwa vazi hilo. Na kila kilichonuka torati, hekalu, mahubiri au karani kikahesabiwa kuwa ni dini iliyochoka. Hukumu hiyo dhidi ya Uyahudi wa baadaye ilikwisha kutolewa kabla aya moja haijapimwa, na imewaumiza watu wengi nje ya vyuo.

Tukitaka kujua unabii ulihifadhiwaje siku zile, twende Ninawi. Katika magofu yake yalipatikana maandishi ya manabii wa karne ya 7 KK, wengi wao wanawake, waliosema na wafalme wa Ashuru, Esar-hadoni na Ashurbanipali, kwa jina la Ishtar wa Arbela. Simo Parpola aliyachapisha upya mwaka 1997. Baadhi ya maneno hayo yako kwenye vibao vidogo vya udongo, kila neno na kibao chake. Mengine makarani waliyakusanya kwenye vibao vikubwa, wakayapanga, na wakaandika jina la aliyenena na mji wake. Haya yalifanyika karibu kabisa na wakati wa manabii wenyewe, miongo michache tu kabla ya Yeremia kuitwa. Kwa hiyo karani hakuja karne tatu baadaye kuokota makombo. Alikuwapo mwanzoni, na bila mkono wake tusingekuwa na unabii wowote wa kujadili.

Nilipokuwa mwanafunzi wa shahada ya kwanza, mwalimu wetu alitugawia nakala za Yeremia na penseli za rangi. Buluu ya nabii, kijani ya Baruku, nyongeza ziachwe hivyo hivyo. Kurasa zangu nyingi zilibaki nyeupe, na mwalimu akaridhika nazo. Jumapili yake kanisani somo likatoka katika mojawapo ya kurasa nyeupe: sura ya 31, ahadi ya agano jipya, sheria itakayoandikwa mioyoni. Duhm aliihesabu ahadi hiyo kuwa kazi ya karani wa baadaye. Ndiyo sehemu ndefu kuliko zote za Agano la Kale zinazonukuliwa katika Agano Jipya, katika Waraka kwa Waebrania sura ya 8, na Wakristo wameipa sehemu ya pili ya Biblia yao jina linalotokana nayo. Nilikaa kwenye benchi nikiwaza: kama karani ndiye aliyeyaandika haya, basi nataka kumfahamu huyo karani.

Njia ya kumfahamu ni sura ya 36, na hapa mnivumilie, maana hakuna sura ninayoipenda zaidi katika manabii wote.

Ni mwaka wa nne wa mfalme Yehoyakimu, 605 KK, mwaka ambao Nebukadreza aliwapiga Wamisri huko Karkemishi na dunia yote ya wakati ule ikabadili bwana. Yeremia amekwisha kuhubiri miaka 23, na sasa amezuiwa kuingia hekaluni. Anamwita Baruku. Yeye anasema, Baruku anaandika kwa wino. Mwaka unaofuata, mwezi wa tisa, siku ya mfungo, Baruku anasoma gombo mbele ya watu akiwa katika chumba cha Gemaria mwana wa Shafani. Mikaya, mwana wa Gemaria, anasikia, anashuka kwenye chumba cha karani mkuu walikoketi wakuu. Baruku anaitwa, anaambiwa aketi, asome tena. Kisha wanamuuliza swali la watu wa kazi: uliyaandikaje maneno haya yote? Wanamsikiliza, wanamshauri akajifiche yeye na Yeremia, na gombo wanaliweka salama kabla ya kwenda kwa mfalme.

Mfalme yuko katika nyumba yake ya majira ya baridi, makaa yanawaka mbele yake. Mjumbe aitwaye Yehudi anasoma. Kila akimaliza safu tatu au nne, mfalme anazikata kwa kisu cha karani, anazitupa motoni, mpaka gombo lote linakwisha. Gemaria na wenzake wawili wanamsihi asichome. Hasikii. Na msimulizi anataja kwamba hakuna aliyerarua mavazi yake.

Kwa nini alitaje? Kwa sababu anataka tumkumbuke Shafani. Mwaka 622 KK Shafani karani alimsomea mfalme Yosia kitabu cha torati kilichopatikana hekaluni, na Yosia akararua mavazi yake. Sasa mwana wa Shafani anamtazama mwana wa Yosia akikata. Fuateni ukoo huu ndani ya kitabu. Ahikamu mwana wa Shafani alimkinga Yeremia asiuawe, sura ya 26. Eleasa mwana wa Shafani alikuwa mmoja wa walioipeleka ile barua Babeli. Gedalia, mjukuu wa Shafani, alimpokea nabii baada ya mji kuanguka. Makarani tunaoambiwa kwamba walimharibu nabii ndio hao hao waliomficha, wakambebea barua, wakamsihia kwa mfalme.

Mwaka 1982, katika uchimbaji wa Yigal Shiloh kwenye Mji wa Daudi huko Yerusalemu, mihuri ya udongo 51 ilipatikana pamoja ndani ya jengo lililoteketea wakati wa maangamizi ya mwaka 586 KK. Mmoja una jina la Gemaria mwana wa Shafani. Moto uliounguza nyaraka ndio uliouchoma udongo ukawa mgumu na kudumu. Mihuri inayotajwa kuwa ya Baruku siitumii: ilitoka katika biashara ya vitu vya kale, na uchunguzi wa maabara umeikataa. Wa Gemaria ulichimbuliwa mbele ya mashahidi.

Aya ya mwisho ya sura hiyo yasema Baruku aliandika gombo jingine kwa kinywa cha Yeremia, na kwamba maneno mengi ya namna hiyo yaliongezwa. Mama mmoja mzee katika jumuiya yetu ya kujifunza Biblia alinisimamisha hapo. "Mwalimu, nani aliyaongeza?" Aya haisemi. Kuna wenzangu, Carroll akiwa mbele, wanaosema sura nzima ilitungwa ili ifanane na habari za Yosia. Huenda. Lakini wakiwa sahihi, hoja yangu inapata nguvu: maana yake makarani wenyewe waliandika waziwazi, ndani ya kitabu, kwamba kitabu kimekua na kitaendelea kukua. Mtu anayeficha nyongeza zake haandiki hivyo.

Na kukua kwenyewe tunakuona kwa macho. Yeremia wa Kigiriki ni mfupi kuliko wa Kiebrania cha Wamasoreti kwa karibu sehemu moja ya saba, na mabishano ya miaka mingi yalikuwa kama mtafsiri wa Kigiriki alikata au Kiebrania kiliongezwa. Pango la nne la Qumran, lililogunduliwa mwaka 1952, lilitoa vipande vya Kiebrania vinavyolingana na Kigiriki. Katika kimoja, sura ya 10 haina baadhi ya aya za kumsifu Mungu juu ya sanamu ambazo Biblia zetu za Kiswahili, zikifuata Wamasoreti, zinazo. Katika pango lilo hilo kulikuwa na nakala ya zamani zaidi iliyo ndefu. Maumbo mawili yalikaa pamoja, na walioyatunza hawakuona haja ya kuliteketeza mojawapo. Hasara haikuwapo: waliokuwa na fupi walisali, waliokuwa na ndefu walisali.

Sisi wa pwani hii tunayo takhmisa. Ile ya Liyongo, inayonasibishwa kwa Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir wa Pate na ambayo Steere aliichapa mwaka 1870, inachukua mishororo ya kale na kuitangulizia mishororo mipya mpaka ubeti utimie mitano. Hakuna msomaji wa Kiswahili anayemwita Sayyid Abdalla mharibifu wa Liyongo. Tofauti ipo, nami siifichi: katika takhmisa tunajua ni nani kaongeza wapi, na katika Yeremia mara nyingi hatujui. Lakini adabu ni ileile, ya kuongeza kwa kutii mizani na nia ya aliyetangulia.

Kipimo kigumu kwangu ni sura ya 33, aya ya 14 hadi 26, sehemu ndefu kuliko zote ambazo Kigiriki hakina. Duhm angeitupa bila kufikiri. Isomeni pamoja na sura ya 23. Kule mfalme ajaye wa ukoo wa Daudi anapewa jina lenye kumtaja Bwana kuwa haki yetu. Huku jina hilohilo linapewa Yerusalemu, mji. Karani huyu, nadhani, aliishi wakati ambapo hapakuwa na mfalme wa Daudi kitini, na hakuonekana wa kuja. Angeweza kuinyamazia ahadi ya kale. Badala yake aliiandika upya, akaiweka mikononi mwa watu waliobaki mjini, na hapohapo akaapa kwa mchana na usiku kwamba Daudi hatakosa mzao. Hiyo ni kazi ya mfasiri wa unabii, iliyofanywa ndani ya unabii wenyewe.

Kwa hiyo naomba jambo moja katika idara yetu. Somo la manabii lifundishwe kwa safu mbili, ndefu na fupi, ubavu kwa ubavu, kuanzia sura ya 27 ambako matini fupi inasema tu vyombo vya hekalu vitapelekwa Babeli, na ndefu inaongeza kwamba Bwana atavijia na kuvirudisha. Mwanafunzi asiulizwe ipi ni ya Yeremia kabla hajaeleza yule aliyeandika kurudi kwa vyombo alimsikia Yeremia akisema nini.