MBAO ZA MOROGORO NA HATI ZAKE
Mazungumzo kwa Watumishi wa Serikali na Wananchi



Seremala wa Unguja anunuaye mbao za mvule au mkangazi kutoka Bara aghalabu hajui mti ulikokatwa. Huona mbao, husikia bei, akafunga biashara. Mbao hiyo ikiwa haina hati, hasara humwangukia yeye, wala si yule aliyeikata usiku akaenda zake. Kwa hiyo inafaa kuelezwa utaratibu wa huko inakotoka, na Mkoa wa Morogoro ni mfano mzuri.

Juu ya mji wa Morogoro imesimama Milima ya Uluguru, ambayo kilele chake cha Kimhandu kinazidi mita 2,600. Katika milima hiyo huanzia vijito vya Mto Ruvu, unaowapatia maji wakazi wa Dar es Salaam. Mwaka 2008 misitu ya Uluguru Kaskazini, Uluguru Kusini na Bunduki iliunganishwa kuwa Hifadhi ya Mazingira Asilia, yenye zaidi ya hekta 24,000. Humo hakuna leseni ya kukata mti wala ya kufyeka shamba. Anayedai kuwa anayo, na aulizwe vizuri.

Nje ya hifadhi mambo ni mengine. Sheria ya Misitu Na. 14 ya mwaka 2002, iliyochukua nafasi ya ile ya kikoloni ya 1957, haimkatazi mwananchi kuishi kwa miti, bali humtaka aombe kwanza. Maombi huanzia kijijini, yakapelekwa kwenye Kamati ya Uvunaji ya Wilaya. Mfanyabiashara husajiliwa, hulipa ushuru na kupewa stakabadhi, mbao zikapigwa nyundo yenye alama ya Serikali, kisha hutolewa hati ya kusafirishia. Mpasua mbao mwenye msumeno mmoja huiona safari hii kuwa ndefu, na kwa kweli ni ndefu. Nauli za kwenda na kurudi wilayani zaweza kula faida ya mbao chache alizonazo, na hapo ndipo wengi hushawishika kupita njia ya mkato.

Watumishi wasilipuuze jambo hilo. Waluguru wanakumbuka mpango wa matuta wa wakati wa Mwingereza. Wakulima walilazimishwa kuchimba matuta milimani kwa amri, faida yake hawakuiona, na mwaka 1955 zikazuka ghasia Matombo, mpango ukaachwa. Udongo ulikuwa ukimomonyoka kweli. Kilichokosekana ni kuwasikiliza wenye ardhi.

Wilayani Kilosa, mkoa huo huo, ilijaribiwa njia nyingine kuanzia mwaka 2012. Baadhi ya vijiji vilitenga misitu yao wenyewe na kuweka eneo la mkaa lililogawanywa katika viwanja vya mita 50 kwa 50. Kiwanja kimoja hukatwa, cha jirani huachwa, na visiki vikaachwa vichipue, ili zamu irudi baada ya miaka 24. Mchoma mkaa hulipa ushuru kwa Serikali ya Kijiji chake, na sheria inaruhusu fedha hizo zibaki kijijini. Kijiji kinachopata fedha za darasa kutokana na msitu hakingoji askari wa kuulinda.

Hapa Visiwani inatumika Sheria Na. 10 ya mwaka 1996 ya usimamizi na uhifadhi wa maliasili za misitu, nayo pia humtaka mwenye kukata au kusafirisha awe na kibali. Mafundi wanaonunua mbao za Bara wanakumbushwa kudai hati ya kusafirishia na stakabadhi kabla ya kutoa fedha, kulinganisha aina na idadi iliyoandikwa na mzigo wenyewe, na kutazama alama ya nyundo. Karatasi hizo zihifadhiwe karakanani hadi mbao iliyonunuliwa itakapokwisha kutumika.