GENOVEVA: JINA NA MWENYE JINA
(Hotuba ya Mwenyekiti katika sherehe ya kutimiza miaka kumi ya kikundi, Usa River)



Kwanza kabisa namshukuru Mwenyezi Mungu aliyetufikisha siku hii tukiwa wazima. Risala ya kikundi ameshaisoma Katibu, na hesabu zote amezitoa Mweka Hazina, kwa hiyo sitarudia habari za hisa na mikopo. Kamati ya sherehe iliniomba nizungumze jambo moja ambalo litawekwa katika kijitabu chetu. Nimechagua kuzungumza juu ya jina, na jina lenyewe ni langu, Genoveva. Naomba msiseme mama huyu anajisifu. Nisikilizeni kwanza.

Ukifungua daftari letu la wanachama utakuta majina ya kila aina. Wako akina Elifuraha na Eliamani, maana Walutheri wameshika Meru tangu misheni ya Nkoaranga ilipojengwa mwaka 1902, na hilo "Eli" mbele ya jina ni Mungu kwa Kiebrania. Wako akina Zainabu na Mwanahamisi. Halafu tuko sisi, wengi wetu tumeolewa hapa kutoka Uchagani, akina Teresia, Bernadeta, Klotilda na Genoveva. Haya majina manne ni ya Ufaransa, ingawa tumeyazoea mpaka tunaona ni ya Kibosho. Bernadeta alikuwa binti maskini wa msaga nafaka mji wa Lourdes, aliyesema amemwona Bikira Maria mwaka 1858. Teresia alikuwa sista wa Lisieux aliyekufa kijana mwaka 1897. Klotilda alikuwa malkia, mke wa mfalme Klovis. Na Genoveva ndiye mkubwa wa wote hao kwa umri, maana alizaliwa zaidi ya miaka 1,600 iliyopita.

Majina hayo yalifikaje mlimani? Mapadre wa Roho Mtakatifu walitoka Ufaransa, wakafungua misheni Bagamoyo mwaka 1868. Mwaka 1890 Askofu de Courmont na Padre Alexandre Le Roy wakapanda mpaka Kilimanjaro, na Kilema ikawa misheni ya kwanza huko, kisha Kibosho na Rombo. Wengi wa mapadre wale walikuwa watu wa Alsace, mkoa wa mpakani ambao Ujerumani iliuchukua mwaka 1871, kwa hiyo walijua Kifaransa na Kijerumani pia. Mtu akibatizwa alipewa jina la mtakatifu, na kitabu cha ubatizo kiliandikwa kwa Kilatini. Ndiyo sababu bibi yangu mzaa baba hakuandikwa Geneviève kama Wafaransa wanavyoandika. Aliandikwa Genovefa, kwa Kilatini. Kwetu binti wa kwanza hupewa jina la bibi mzaa baba, basi na mimi nikalirithi. Nililibeba miaka arobaini na kitu bila kujua lina maana gani, kama mtu anayebeba mzigo wa mwenzake kichwani bila kuuliza ndani kuna nini.

Nilianza kuuliza mwaka ambao mwanangu alipata mtoto wa kike. Kwa mila mtoto yule alikuwa wa kwangu kwa jina. Lakini vijana wakasema, mama, Genoveva ni jina la kizee, shuleni watamcheka. Sikukasirika sana, ila niliumia kidogo. Nikamwambia mwanangu, sawa, lakini kabla hamjalitupa hebu nitafutieni ni jina gani. Yeye akatafuta kwenye simu yake, mimi nikaenda kwa katekista akanipa kitabu cha watakatifu.

Basi sikilizeni. Wataalamu wa majina hawakubaliani. Wako wanaosema limetoka kwa watu wa kale wa Ufaransa waliokuwepo kabla ya Warumi. Wengine, na hawa ndio wengi vitabuni, wanasema ni maneno mawili ya Kijerumani cha zamani: neno "kuni", maana yake ukoo, na neno lingine kama "wifa", maana yake mwanamke. Mwanangu aliposoma hapo nyumba nzima ilicheka. Masikio yetu yalisikia kuni na wifi! Mkwe wangu akasema, kumbe mama maana yake ni wifi wa kuni. Nikamwambia na acheke tu, maana halisi ni mwanamke wa ukoo, na mimi hiyo naipenda.

Sasa mwenye jina mwenyewe. Alizaliwa Nanterre, kijiji karibu na Paris, katika karne ya tano. Hadithi za watu zinamfanya mchunga kondoo maskini, na picha nyingi zinamchora hivyo, lakini kitabu cha maisha yake kilichoandikwa mnamo mwaka 520, muda si mrefu baada ya kifo chake, kinasema alikuwa na mashamba yake karibu na mji wa Meaux na alisimamia mavuno mwenyewe. Hapo mimi nilisimama nikasoma mara mbili. Mwanamke wa zamani zile, hana mume, ana shamba, anasimamia wavunaji! Alipokuwa mtoto, askofu mmoja aitwaye Germanus alipita kijijini kwao akampa sarafu ya shaba yenye alama ya msalaba, aivae shingoni badala ya shanga na dhahabu. Mweka Hazina wetu aliposikia habari hiyo alisema hiyo ndiyo hisa ya kwanza.

Mwaka 451 jeshi la Wahuni, watu wakali wa farasi wakiongozwa na Attila, lilikuja upande wa Paris. Wanaume wakaanza kufunga mizigo na kuhamisha mali. Genoveva akakusanya akina mama wa mji, wakafunga na kusali, naye akawaambia waume zao wasikimbie, mji utapona. Mnajua walimfanyaje? Walitaka kumpiga mawe au kumtosa kwenye maji. Wakasema ni nabii wa uongo. Aliokolewa na kiongozi mmoja wa kanisa aliyefika na zawadi kutoka kwa yule askofu wa zamani, akawaonyesha kwamba huyu ni mtu anayeheshimiwa. Na Attila kweli hakuingia Paris. Alipita njia nyingine.

Lakini habari ninayoipenda mimi ni ya baadaye. Wafranki waliuzingira mji wa Paris, na kitabu kinasema kwamba kwa masimulizi ya watu ilikuwa miaka kumi. Miaka kumi, akina mama, sawa na umri wa kikundi chetu! Watu wakafa kwa njaa. Genoveva akachukua mashua, akapanda mto Seine na kwenda mbali mpaka miji ya Arcis na Troyes, akarudi na ngano. Akagawa. Mwenye nguvu ya kuoka alipewa nafaka, na asiyekuwa na nguvu alipewa mkate ulioiva. Wasichana wake wa kazi walikuwa wakienda kwenye tanuru wanakuta mikate imepungua. Wakashangaa, nani ameiba? Halafu wanawaona maskini wanapita njiani na mikate ya moto mikononi.

Alikufa akiwa amepita miaka themanini, akazikwa kilimani katika kanisa alilojenga mfalme Klovis na huyo Klotilda wetu. Wafaransa walimheshimu sana. Mwaka 1793 wakati wa mapinduzi yao mabaki yake yalichomwa moto hadharani, lakini mpaka leo ndiye msimamizi wa Paris, na sikukuu yake ni tarehe 3 Januari. Kuna Genoveva mwingine wa hadithi, wa Brabant, aliyesingiziwa uzinzi akaishi msituni na mwanawe wakilishwa na paa. Huyo ni wa hadithi tu, tusiwachanganye.

Nilipomaliza kusoma niliwaza mwaka 2022. Mnakumbuka mvua zilivyogoma na bei ya mahindi ilivyopanda. Sisi tulikaa chini ya ule mwembe, tukabishana karibu nusu siku, kisha tukatoa pesa katika mfuko wa jamii tukanunua magunia ya mahindi kwa pamoja. Wako waliosema mfuko wa jamii ni wa misiba na ugonjwa, siyo wa unga, na hawakuwa na makosa kusema hivyo, katiba ilikuwa imeandikwa hivyo. Tukapiga kura, katiba ikarekebishwa. Wajane wawili na yule mwenzetu aliyeachishwa kazi kwenye shamba la maua walipewa unga uliosagwa kabisa. Wakati huo hakuna kati yetu aliyejua habari za Seine wala Troyes.

Sasa nije kwenye jambo ambalo ndilo lililonifanya nichague mada hii, na naomba vijana wasikilize hasa.

Jina langu limeandikwa kwa njia tatu. Cheti cha ubatizo kinasema Genovefa. Cheti cha darasa la saba kinasema Jenoveva. Kitambulisho kilipotoka kinasema Genoviva. Mimi sikujali, maana hapa Usa River nani alikuwa ananiita kwa jina hilo? Mama mkwe alikuwa akiniita Veva, Mungu amrehemu, na watu wengine wote wananiita kwa jina la mtoto wangu wa kwanza. Kisha mume wangu akafariki. Nikaenda benki moja, jina lake nalihifadhi, kufuatilia pesa alizoacha kwa jina langu kama mrithi. Wakaniambia, mama, mrithi aliyeandikwa hapa ni Genoveva, wewe ni Genoviva, tutajuaje kama ni mtu mmoja? Nilikwenda na kurudi miezi minne. Barua ya kitongoji, barua ya parokia, kiapo cha majina kwa wakili. Herufi moja tu, jamani. Na ile ilikuwa miezi ya kulipa ada. Kikundi ndicho kilichonikopesha, na wengi mlio hapa mlinidhamini bila hata kujua naitwa nani kwenye karatasi.

Nimesikia pia habari ya kikundi kingine, siyo cha hapa, ambacho daftari lao lilikuwa na "Mama Neema" wawili. Mmoja alifariki katikati ya mzunguko. Ndugu wa marehemu walisema hisa nyingi ni za kwao, mwenzake akasema nyingi ni zake, na daftari halikuweza kusema lolote kwa sababu lilikuwa limeandika jina la mtoto. Waliishia kugawana nusu kwa nusu, na mmoja wao hakika alidhulumiwa.

Kuitwa Mama Fulani ni heshima, nami sitaki iishe. Mtu asije kesho akaniita Genoveva njiani kama mwenye deni langu! Lakini hisa siyo za Mama Fulani. Hisa ni za mwanamke mwenye jina lake, aliyepewa na wazazi wake, na akifa zinafuata jina hilo. Tangu Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya mwaka 2018 ilipotaka vikundi kama vyetu visajiliwe, halmashauri inaomba orodha ya wanachama, na orodha ile haina nafasi ya kuandika "Mama Neema wa kule Leganga". Kwa hiyo mwaka huu kamati imepitia daftari lote. Kila mmoja alikuja na kitambulisho, tukaandika majina matatu herufi kwa herufi, na jina la mrithi pia kama lilivyo kwenye kitambulisho chake. Wanachama tisa walikutwa na majina yasiyolingana. Sita wameshaapa kwa wakili, watatu bado, nao wanajijua. Nawaomba wasisubiri msiba.

Mtaniuliza mjukuu aliitwaje. Vijana walimpa jina lao la mbele, zuri tu, la Kiingereza, na langu wakaliweka katikati. Nilikubali. Huko Ufaransa kwenyewe Geneviève lilipendwa sana zamani, karibu kila ukoo ulikuwa naye, na sasa ni jina la mabibi, watoto wachache wanapewa. Majina yana misimu kama vitenge. Ila siku ya kwenda kuandikisha cheti cha kuzaliwa nilipanda boda nikaenda mwenyewe. Nililiandika jina kwa herufi kubwa kwenye karatasi, nikamkabidhi kijana aliyekuwa dirishani, nikasimama pale mpaka amemaliza. Akaniambia, bibi, una wasiwasi gani? Nikamwambia, andika V, siyo F, na baada ya V weka E.

Kurasa zinazofuata za kijitabu hiki zina majina ya wanachama wote, walio hai na waliotangulia mbele ya haki, majina matatu kila mmoja. Kila mtu atafute la kwake leo hii kabla hatujatawanyika, na kama kuna herufi iliyokosewa amwone Katibu, yuko pale kwenye meza ya mwisho, ana kalamu.

 Akina mama hoyee!