Gari Lililobeba Gongo na Haki ya Mwenye Mali



Kisesa ipo kando ya barabara kuu itokayo Mwanza kuelekea Magu na Musoma. Mabasi, malori ya mazao na pikipiki hupita hapo usiku na mchana, na katika mizigo hiyo madumu ya gongo nayo hujipenyeza. Dereva akikamatwa, gari nalo hukamatwa, na pengine mwenye gari hakuwamo. Huenda ni mwalimu aliyelinunua kwa mkopo wa chama cha akiba na mikopo, akamkabidhi dereva kwa hesabu ya kila siku. Je, mwalimu huyo apoteze gari lake kwa kosa asilolijua?

Katazo la gongo halina utata. Sheria ya Moshi ya mwaka 1966 inakataza kutengeneza, kuuza au kuwa na pombe hiyo bila leseni. Tarehe 1 Machi 2017 Serikali ilipiga marufuku pia pombe kali ya kwenye vifuko vya plastiki, maarufu kwa jina la viroba. Shabaha ni njema, kwani pombe haramu imepofusha watu, imeua, na imeingiza ufukara katika nyumba nyingi. Hata hivyo, ubaya wa gongo haumpi mtu yeyote ruhusa ya kumnyang'anya mwenzake mali bila kumsikiliza.

Yafaa kutofautisha mambo mawili ambayo watu huyachanganya. Kukamata gari ni kazi ya polisi, na gari huzuiliwa ili liwe kielelezo. Kutaifisha ni kumwondolea mtu umiliki wake kabisa, na hiyo ni kazi ya mahakama. Kwa Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985, ofisa anayechukua kitu katika upekuzi hana budi kutoa stakabadhi. Mshtakiwa akitiwa hatiani, mahakama yaweza kuamuru kutaifishwa kwa mali iliyokuwa mikononi mwake au chini ya mamlaka yake alipokamatwa, ikiridhika kwamba mali hiyo ilitumika kutenda kosa.

Hapo ndipo penye hatari. Sheria inautazama kwanza mkono ulioshika usukani, si jina lililoandikwa kwenye kadi ya gari. Dereva akikiri kosa siku ya kwanza, amri ya kutaifisha yaweza kutolewa kabla mwenye gari hajapata habari. Lakini Katiba haikumwacha mtu huyo. Ibara ya 24 inampa kila mtu haki ya kumiliki mali na kuhifadhiwa mali yake kwa mujibu wa sheria. Ibara ya 13(6)(a) inataka mtu ambaye haki yake inaamuliwa apewe fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu. Haki hizi ziliingizwa katika Katiba mwaka 1984. Si hisani ya askari wala ya hakimu. Hata Marekani, ilipopiga marufuku pombe kwa sheria ya mwaka 1919, magari yaliyokamatwa yaliuzwa mnadani, lakini mwenye gari alipewa nafasi ya kueleza mahakamani kwa nini lake lisiuzwe.

Basi mwenye gari asikae kimya. Awahi kupeleka kwa polisi na kwa mwendesha mashtaka nakala ya kadi ya gari na mkataba wake na dereva. Aiombe mahakama kwa maandishi, pamoja na hati ya kiapo, imsikilize kabla ya kutoa amri. Athibitishe mambo matatu: kwamba gari ni lake, kwamba hakujua, na kwamba alichukua tahadhari. Amri ikiwa imekwisha kutolewa, aiombe Mahakama Kuu ipitie mwenendo wa kesi, kwa kuwa yeye hakuwa mshtakiwa. Dereva aliyehukumiwa na mahakama ya wilaya ana siku 10 tu za kutoa taarifa ya kukata rufani.

Pombe ikiwa ni ya magendo iliyovushwa mpakani na gari likakamatwa na forodha, njia ni nyingine. Sheria ya Forodha ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004 inampa mwenye mali mwezi mmoja kudai mali yake kwa maandishi. Muda huo ukipita bila madai, mali huhesabiwa kuwa imekwisha kutaifishwa.

Haki hii si kichaka cha wahalifu. Anayejua kwamba gari lake husafirisha madumu, akapokea hesabu bila kuuliza, hana la kujitetea. Lakini asiyejua hastahili adhabu ya mwingine. Mwananchi apatapo barua ya mahakama, mara nyingi humwendea kwanza mwalimu au mtendaji wa kijiji amsomee. Wajibu wa msomaji huyo ni kumwambia waziwazi kwamba siku zinahesabiwa, na kumsaidia kuandika dai lake siku hiyohiyo.